Mtoto anachekwa shuleni kwa jina la utani la nyumbani: fanya hivi, hatua kwa hatua

Wazazi wenzangu, swali hili nimeulizwa mara nyingi mno nikaona bora niliandike lote sehemu moja. Linakuja kwa sura tofauti, mara "mwanangu hataki tena nimwite jina lake la nyumbani", mara "darasani wamelijua jina la utani la binti yangu sasa kila asubuhi ni vita", mara "mbona sisi tuliitwa majina mabaya zaidi na tumekua tu", lakini kitu ni kilekile. Jina lilizaliwa nyumbani kwa mapenzi, limevuka geti la shule, na likishavuka maana yake inageuka.

Wa kwangu tulimwita Kobe. Alichelewa kutembea, wenzake wa rika lake walishasimama ye bado yuko chini anatambaa taratibu kichwa kakiinua juu, mjomba wake akasema huyu ni kobe, likanasa. Miaka saba hatukuwahi kulitamka bila kutabasamu. Alafu nikaanza kuona anaenda shule begi kalishika mkononi badala ya mgongoni. Nikadhani mkanda umekatika, nikaukagua, mzima. Kesho yake mkononi tena. Nikamwambia vaa begi vizuri utaumia bega, akalivaa, alipofika kona akalivua. Ilinichukua wiki mbili kujua kwamba darasani walikuwa wanamgongea begi kwa vidole kama mtu anabisha hodi, ko ko ko, "Kobe yumo?" Begi lake limegeuka gamba. Na aliyelifikisha jina shuleni ni mimi, siku aliyosahau sweta nikamuita kwa sauti nikiwa nje ya geti.

Kwa hiyo hapa chini ni yale tuliyofanya sisi pamoja na yale niliyoyaona yakiwasaidia wengine. Nimeandika kwa ajili ya mzazi au mlezi wa mtoto wa shule ya msingi mpaka sekondari ya mwanzoni. Maneno ya kumfundisha mtoto yapo kwenye hatua ya 5, ila tafadhali usirukie huko, hatua ya 4 ndo yenye kazi kubwa.

Vitu vya kuwa navyo kabla hujaanza

- Wiki nne za subira. Jina lililokaa miaka halitoki kwa siku mbili.
- Daftari dogo au sehemu ya kuandika kwenye simu, ya siri, mtoto na wadogo zake wasiifikie.
- Mtu mzima mmoja wa nyumbani ambaye mko pamoja kwenye hili. Ukilianza peke yako utachoka.
- Jina la mwalimu wa darasa na njia ya kumpata bila kupitia kwa mtoto.
- Jina mbadala. Mara nyingi ni jina lake halisi au kifupi chake, lakini mwache achague ye mwenyewe.
- Moyo wa kukubali kwamba jina unalolipenda wewe linamuumiza yeye. Hapa ndo wengi tunakwama, kwa sababu tukiambiwa jina ni baya tunasikia kama tunaambiwa mapenzi yetu ni mabaya.

Hatua ya 1: Mpe nafasi ya kusema, usimhoji

Usimkalishe mbele yako ukamtazama usoni kama yuko kwa hakimu. Watoto wengi wanaongea vizuri mkiwa mnafanya kitu pamoja, mnatembea, mnakunja nguo, mnaosha vyombo, macho yenu yako kwenye kazi sio usoni. Anza kwa swali dogo tu: "Siku hizi shuleni wanakuitaje?" Alafu nyamaza. Nyamaza kweli, hata kama kimya kinakukera, hesabu moyoni mpaka ishirini.

Akisema, kuna majibu mawili yanayomfunga mdomo papo hapo. La kwanza ni "ah, hilo tu?" La pili ni "nani huyo, nitajie, kesho asubuhi niko hapo shuleni!" La kwanza linamwambia uchungu wake ni mdogo, la pili linamtisha kwamba utaenda kumuongezea aibu mbele ya watu. Sema tu "pole mwanangu, asante kwa kuniambia", na uendelee kukunja nguo.

Taratibu, sio lazima siku moja, tafuta kujua haya: nani alianza, wako wangapi, inatokea wapi hasa (darasani, chooni, uwanjani, kwenye basi la shule), mara ngapi kwa wiki, yeye huwa anafanya nini wakimuita, na kuna yeyote anayewaambia waache. Mwisho muulize "ungependa iweje?" Andika baadaye akishaondoka, usiandike mbele yake.

Kama haongei kabisa, tazama mwili na mazoea. Anakataa usimsindikize mpaka getini. Anakuambia usije kwenye mkutano wa wazazi. Anamkataza mdogo wake kumsalimia wakikutana shuleni. Tumbo linamuuma asubuhi za shule ila Jumamosi yuko mzima anaruka. Kwangu ilikuwa begi, kwako itakuwa kitu kingine kidogo ambacho ungeweza kukipita.

Hatua ya 2: Pima uzito wake

Sio kila jina la utani ni uonevu, na ukilichukulia kila kitu kwa nguvu ileile utamfanya mtoto aogope hata utani wa kawaida. Dan Olweus, mtafiti aliyeanza kuchunguza uonevu wa shuleni miaka ya 1970 huko Skandinavia, aliacha alama tatu ambazo mpaka leo walimu wanazitumia: kuna nia ya kuumiza, jambo linarudiwarudiwa, na anayeumizwa hana nguvu sawa na wanaomuumiza. Nguvu hapa sio misuli tu, hata wingi ni nguvu, sita kwa mmoja ni nguvu.

Kuna kipimo rahisi ambacho mtoto anaweza kukujibu: "Ukisema sitaki, wanaacha?" Wakiacha, huo ni utani uliopitiliza, hatua ya 4 na ya 5 zitatosha. Wakiongeza, au wanamfuata mpaka chooni, au wanamshika, wanamnyang'anya vitu, wanatunga nyimbo, usisubiri mlolongo wote, nenda hatua ya 7 wiki hiihii huku nyumbani ukiendelea na ya 4.

Hatua ya 3: Mwache mtoto aamue hatma ya jina

Mpe njia tatu umwambie achague moja, na kwamba anaweza kubadili mawazo baadae.

Njia ya kwanza, jina life kabisa, nyumbani na shuleni. Ya pili, libaki ndani ya nyumba tu, mlango ukifunguliwa au mgeni akiingia halitamkwi. Ya tatu, alibebe, alifanye lake mpaka lisiwe na makali.

Ya tatu inapendwa sana na wazazi kwa sababu haitutaki tubadilike, kwa hiyo kuwa makini usimsukumie. Wa kwangu aliijaribu. Tukakaa tukatafuta habari za kobe, tukamkuta Jonathan, kobe wa kisiwa cha St Helena ambaye anakadiriwa alizaliwa karibu na mwaka 1832 na akapelekwa kisiwani hapo mwaka 1882. Mtoto akafurahi, akaenda nazo shule hizo habari kama ngao. Wawili walimsikiliza vizuri tu, waliobaki wakamgongea begi kwa nguvu zaidi wakimuita Jonathan. Alirudi akasema mama hii sio. Tukahamia njia ya kwanza siku hiyohiyo. Kuna watoto wenye ulimi mwepesi na moyo mgumu ambao njia ya tatu inawafaa kabisa, ila wapo wachache na hawatengenezwi kwa kulazimishwa.

ONYO: kama jina linagusa kukojoa kitandani, unene au wembamba, rangi ya ngozi, ugonjwa, ulemavu au kigugumizi, hapo hamna kuchagua. Linakufa leo, hata kama mtoto anasema "mi sijali". Anasema hajali kwa sababu anakulinda wewe.

Hatua ya 4: Ziba tundu nyumbani

Ukienda kulalamika shuleni wakati nyumbani jina bado linapigiwa kelele, ni kufuta maji sakafuni na bomba umeliacha wazi. Mtoto naye anaona. Atajiuliza mbona mama anawakataza wenzangu na ye mwenyewe ananiita.

Kwanza tafuta linapovujia. Nenda nayo moja moja:

- Wewe ukimpeleka na kumchukua, unamuitaje getini?
- Mdogo wake au binamu anayesoma shule hiyohiyo. Hapa ndo panavuja zaidi kuliko pote, kwa sababu mtoto mdogo hajui kama jina lina mipaka.
- Vitu vyenye maandishi: chupa ya maji, daftari, ndani ya sweta, begi.
- Simu yako. Umemsevu kwa jina gani? Akiipigia simu yako mbele ya mzazi mwenzio jina linatokea kwenye kioo.
- Picha unazoposti na maneno ya chini yake, na komenti za ndugu.
- Grupu la wazazi wa darasa. Ukiandika humo "Kobe wangu leo anaumwa hatakuja", jioni watoto thelathini wanalijua.
- Rafiki anapokuja kucheza na bibi anatokea mlangoni kuita.

Ukishajua, kusanya watu wa nyumbani. Mtoto asiwepo kama anaona aibu, au awepo kama anataka kusema mwenyewe. Maneno yawe machache: "Jina hili linamuumiza shuleni. Kuanzia leo tunamuita hivi. Ukikosea, rekebisha uendelee." Usieleze sana. Ukianza kueleza kila mtu ataleta hadithi ya jina lake la utotoni na mkutano utaishia kwenye vicheko.

Kisha waendee wakubwa mmoja mmoja, kwa heshima, na hapa nataka niseme kitu ambacho kilitusaidia kuliko vyote. Mtu aliyempa mtoto jina ndo mwenye uwezo wa kulitoa. Usimkaripie, muombe. Kwa bibi sema kitu kama: "Mama, naomba msaada wako kwa mjukuu wako. Lile jina ulilompa wenzake wameligeuza la kumcheka. Wewe ukianza kumuita jina lake, wengine wote watakufuata." Umempa kazi ya heshima, hujamvua heshima.

Kwetu mjomba mtu alikuja jioni, hakuingia ndani, akakaa naye kwenye ngazi ya mlango. Mi nilikuwa dirishani nasikia. Akamwambia, "Mjomba, lile jina nilikupa mimi. Leo nalichukua mwenyewe, naondoka nalo." Mtoto hakujibu kitu, akabaki anachora chini kwa kijiti, baada ya muda akauliza, "Unaenda nalo wapi?" Mjomba akasema, "Mbali." Ikawa imeisha hivyo. Nyumbani hajalisikia tena kutoka kwa mjomba wake hata kwa bahati mbaya.

Ukikutana na mkubwa anayesema mtoto hana sauti kwenye mambo ya majina, mwambie kwa upole kwamba hata Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Mtoto wa mwaka 1989 unatambua haki ya mtoto kusikilizwa kwenye mambo yanayomhusu, kifungu cha 12. Wengine hawasikii hoja ya uchungu ila wakisikia kifungu wanatulia.

Na mtakosea, hilo lijue mapema. Siku ya tatu utaita jina la zamani ukiwa na haraka. Usianze kuomba msamaha dakika tano, unaligeuza kuwa tukio. Taja jina jipya palepale, endelea na ulichokuwa unasema.

MAKOSA YANAYORUDIWA: kutoza faini anayekosea (inageuka mchezo na jina linatajwa mara mia), kubadilisha kwa jina lingine la utani ambalo nalo linaanza kuchekesha vilevile, na kumwambia mtoto "basi tumeacha, umefurahi?" kwa sauti ya kununa. Akisikia mmenuna atarudi kusema endeleeni tu kuniita, na ataacha kukuambia mambo.

Hatua ya 5: Mpe majibu mafupi na mfanye mazoezi

"Wapuuze tu" ni ushauri ambao kila mtoto ameshapewa na karibu hakuna anayejua kuufanya, kwa sababu haumwambii mdomo ufanye nini, macho yaangalie wapi, miguu iende wapi. Mpe vitu vya kushika.

Jibu la kurekebisha: "Naitwa fulani." Jina lake, basi. Hili ni la watu wasio na ubaya, wageni darasani, mtoto aliyesikia kwa wengine.

Jibu la kuchosha: "Hilo la zamani." Anasema kama mtu anayejibu saa ngapi, sauti haipandi wala haishuki, anaendelea na anachofanya. Anayemtania anasubiri machozi au hasira, asipopata anabaki na jina mkononi hajui alipeleke wapi.

Jibu la kukataa: "Silipendi hilo jina. Acha." Hili ni la marafiki, wale anaocheza nao kila siku ambao hawajui kama linauma kwa sababu siku zote amekuwa akicheka nao. Alitumie mara moja kwa kila mtu, na wakiwa wawili tu, yeye na huyo rafiki, sio mbele ya kundi, maana mbele ya kundi rafiki ataona amevunjiwa heshima atajitetea kwa kuongeza.

Na kuna lisilo na maneno: akiitwa jina la zamani asigeuke. Akiitwa jina lake ageuke haraka na kwa furaha. Ni dogo ila linafundisha wenzake jina lipi linafanya kazi.

Mazoezi ni dakika tano kwa siku, siku nne au tano. Wewe uwe mchokozi, yeye ajibu, kisha mbadilishane, na hapo kwenye kubadilishana utasikia maneno halisi wanayomwambia, mengine hakukuambia hatua ya 1. Jiandae yasikuonekane usoni. Angalia vitu vitatu: mabega yasishuke, macho yamwangalie mwenzake sekunde moja tu yaondoke, na akimaliza kusema aondoke, asisimame kusubiri majibu. Wanaobaki wamesimama ndo wanaoingizwa kwenye mabishano. Usifanye mazoezi haya usiku anapoenda kulala, atalala nayo kichwani.

ONYO: usimfundishe kurudisha tusi. Najua inavutia, najua kuna mzazi anasema "na ye mwambie yule mama yake ana..." hapana. Tusi linalorudishwa linampa yule wa kwanza sababu, na mwalimu akiingia anakuta wawili wanatukanana, mwanao anakuwa mmoja wa waliokosea. Ngumi ni hivyohivyo.

Akilia, alie. Mwambie machozi hayajaharibu kitu, kesho anajaribu tena.

Hatua ya 6: Tafuta mtetezi mmoja

Mmoja anatosha. Wakati wa kumcheka mtu darasani, wengi wanaocheka hawana ugomvi naye, wanacheka kwa sababu wenzao wanacheka. Utafiti wa Hawkins, Pepler na Craig wa Kanada, uliochapishwa mwaka 2001, uliwatazama watoto kwenye viwanja vya shule na ukaona kwamba mwanafunzi mwenzao alipoingilia, zaidi ya nusu ya mara uonevu ulikoma ndani ya sekunde 10.

Muulize mtoto: "Nani hacheki?" Huyo ndo wa kuanza naye. Mualike nyumbani siku isiyo ya shule wacheze, usimpe kazi ya ulinzi, usimwambie "mlinde mwanangu", huo ni mzigo wa mtoto mwingine. Wakizoeana, mwanao mwenyewe amwambie: "Wakiniita vile, wewe niite jina langu kwa sauti tuondoke." Ni kumuita tu na kutoka pale, hakuna kupigana na mtu.

Hatua ya 7: Mwalimu wa darasa

Muombe mtoto ruhusa kwanza, na mwambie utasema nini. Kama ni uonevu wa wazi utaenda hata akikataa, ila bado mwambie kabla, asilishtukie.

Usimvamie mwalimu asubuhi getini ana watoto arobaini mikononi. Tuma ujumbe mfupi wa kuomba muda, mfano: "Mwalimu habari za kazi. Naomba dakika kumi kwa siku utakayoona inafaa, tuongee kuhusu jina ambalo wenzake wanamuita mwanangu na linaanza kumkosesha raha ya shule. Naomba kwa sasa lisizungumzwe darasani."

Hiyo sentensi ya mwisho ni muhimu sana. Kosa kubwa linalofanywa kwa nia njema ni mwalimu kusimama mbele ya darasa zima na kusema "kuanzia leo marufuku kumuita fulani jina kadhaa". Wasiolijua jina wamelijua dakika hiyohiyo.

Mkikutana, peleka daftari lako, sema tarehe, mahali, nani, na uombe mambo mahususi: amuite jina lake kamili wakati wa kuita mahudhurio, aangalie sehemu zile mbili tatu ambako inatokea, aongee na vinara mmoja mmoja faraghani, na abadilishe sehemu ya kukaa kama vinara wako nyuma ya mtoto. Muulize lini mtazungumza tena, mpange siku kabisa. Usiwapigie simu wazazi wa watoto wengine kabla ya hapo, hiyo simu mara nyingi inaishia kuwa ugomvi wa watu wazima na watoto wanaubeba kesho yake darasani.

Hatua ya 8: Simu na magrupu

Kwa wakubwa kidogo wenye simu. Jina likigeuzwa stika, au picha ya utotoni imechukuliwa kwenye posti yako ikazungushwa, kwanza piga skrinshoti zenye tarehe na jina la aliyetuma, ndipo ufute au umzuie mtu. Wengi wanafuta kwa hasira alafu hawana cha kuonyesha. Toa posti zako za zamani zenye lile jina, rudi nyuma mpaka mwanzo, inachosha ila fanya jioni moja. Mtoto asijibu chochote ndani ya grupu, atoke tu.

Hatua ya 9: Fuatilia

Siku za mwanzo hali inaweza kupanda badala ya kushuka, wenzake wakiona hajibu kama zamani wanaongeza nguvu kupima kama kweli. Hapo ndo wengi wanasema imeshindikana wanaacha. Vumilia wiki mbili, kama ni utani au kero tu.

Usimuulize kila siku "leo wamekuita?" maana unamfanya alisubiri. Mara moja kwa wiki inatosha, siku zingine muulize kuhusu mambo mengine ya shule. Andika idadi kwenye daftari lako, kama wiki ya kwanza ilikuwa kila siku na ya tatu ni mara mbili, mnaenda vizuri hata kama yeye anahisi bado. Kwetu wiki ya tano aliondoka asubuhi na begi mgongoni, mikanda yote miwili. Sikusema kitu, niliogopa nikisema atalivua.

Ikikwama

*Ndugu yake analitumia kama silaha wakigombana.* Hili lichukulie kwa uzito wa kuvunja makubaliano ya nyumba, adhabu yake ijulikane kabla na iwe ileile kila mara. Alafu ukiwa naye peke yake uliza kama na yeye ana jina asilolipenda. Mara nyingi lipo.

*Mkubwa amekataa kabisa kuacha.* Punguza nafasi yake ya kuvuja, asiwe yeye wa kumpeleka shule wala kumpokea. Mfundishe mtoto kusema kwa adabu, "Bibi, naomba uniite fulani." Mjukuu akiomba mwenyewe huwa ni vigumu kumkatalia.

*Mwalimu mwenyewe analitumia.* Inatokea, kwa mapenzi kabisa. Mwambie faraghani kwamba mtoto ameomba lisitumike. Asipoacha, mkuu wa shule, kwa maandishi.

*Mtoto anajiita hilo jina mwenyewe na kucheka.* Usimkatalie mbele ya watu. Baadae muulize, "Unalipenda au unawatangulia kabla hawajakuita?" Mpe muda, jibu linaweza kuja baada ya siku tatu.

*Anataka kuhama shule.* Usikatae wala usikubali haraka. Maliza wiki nne kwanza. Akihama bila nyumbani kuziba tundu, jina litamkuta huko.

*Haendi shule kabisa, halali, hali, au anasema maneno kama "bora nisingekuwepo".* Acha mwongozo huu. Kaa naye, usimwache peke yake, na siku hiyohiyo mpeleke kwa daktari au mshauri nasaha, na shule ijue leo, usingoje kesho.

*Wameacha kumuita yeye, sasa yeye ndo anamuita mwenzake jina baya.* Usimshangae, anajaribu kukaa upande wenye usalama. Mkunje nguo tena, umuulize yule mwenzake begi lake analibebaje.